Ngalini: namna ya kuandaa mchezo wa mahali pa yasiyokuwa

Ukisema "angalikuja", umesema hakuja. Ukisema "angali anakuja", umesema yuko njiani, mwekee chakula. Silabi za mwanzo ni zile zile, ila moja imefunga mlango na nyingine imeuacha wazi. Ngalini ni mahali pa kubuni palipojengwa kwenye upenyo huo: kila ambacho kingalikuwa, huko kingali. Hakijatokea, wala hakijashindwa kutokea. Hakuna jana wala kesho, kwa hiyo hakuna kuchelewa.

Mwongozo huu ni wa kuandaa Ngalini barazani, kwa watu sita, kwa muda wa saa moja na nusu hadi mbili. Unawafaa watunzi wanaotafuta mali ghafi ya hadithi na mashairi, walimu wa Kiswahili waliochoka kufundisha masharti ubaoni, na wanabaraza waliomaliza habari za mpira. Mifano ni ya Tanga, maana Tanga ina mengi yaliyokaribia. Mwenye mji mwingine abadili mifano, kanuni aziache.

Vifaa

Taa moja ya chemli yenye utambi uliokatwa sawa. Taa ya umeme haifai kwa sababu haipandi wala haishuki. Hapa mwanga ndio mlango. Tochi iliyofunikwa khanga inaweza kusaidia, lakini lazima mtu aishike muda wote na mkono huchoka.

Kamba mbili za katani, mita mbili kila moja. Zilazeni sambamba juu ya mkeka, umbali wa mita moja kamili kutoka kamba hadi kamba. Mita moja ndiyo nafasi iliyopo kati ya chuma na chuma cha reli ya Tanga, na katani ndiyo iliyoujenga mji, kwa hiyo kizingiti chenu kimepimwa kwa vitu viwili ambavyo kila mtu wa hapa anavijua. Kilichomo katikati ya kamba ni Ngalini. Kilichopo nje ni baraza.

Bilauri ya kioo ya mililita 300, ndani yake maji mililita 210, ikae katikati ya sinia kavu. Kokoto 30 zinazolingana, upana wa sentimita mbili, zilizooshwa. Kila mchezaji anapata sita, isipokuwa mwenye taa, yaani anayeongoza mchezo, ambaye hapati. Kila kosa na kila hatua ndani ya Ngalini hulipiwa kwa kutumbukiza kokoto kwenye bilauri, na maji yakimwagika kwenye sinia, bahari imejaa: wote watoke. Jaribuni kabla wageni hawajafika. Kwa vipimo hivi maji humwagika kati ya kokoto ya 20 na ya 24. Yakimwagika kabla ya ya 18, punguzeni maji vijiko viwili. Yakipita ya 26, ongezeni. Msichukue komwe za bao kwa mazoea. Nyingi huelea, zinaziba mdomo wa bilauri, halafu inaanza kesi kama maji yamejaa au komwe ndizo zimejaa.

Karatasi moja ya manila, ikatwe kadi za sentimita 7 kwa 10. Kalamu za risasi, si za wino, maana usiku wa pwani una unyevu na wino hutambaa. Kikapu cha simu. Kahawa na kashata, ila viliwe nje ya kamba. Sababu itaonekana mbele.

Ubani na udi acheni ndani. Harufu hiyo ikitoka barazani kwenu saa mbili usiku, pamoja na taa iliyofifizwa na watu wanaobisha hodi pasipo na mlango, majirani hawatasema mnacheza. Watasema mnapunga.

Siku na saa

Chagueni siku za bamvua, yaani mwezi mpevu au mwezi mwandamo, au siku moja mbili baada yake. Siku hizo, pwani ya Tanga maji hukupwa kabisa karibu saa nne usiku, na tofauti ya maji kujaa na kupwa huzidi mita tatu. Mkianza saa mbili, watu wakiwa wametoka kuswali Isha, bahari ya kweli inatoka wakati bahari ya bilauri inajaa. Mchezo hauhitaji hilo ili uende, lakini wachezaji wakijua kwamba huko Raskazone mchanga unazidi kufunuka wakati wao wanatumbukiza kokoto, sauti zao hushuka zenyewe. Siku za maji mafu mchezo unachezeka, ila umepooza.

Msiende kucheza pwani kwenyewe. Maji ya bamvua hutoka mbali na yakirudi hayabishi hodi.

Kadi

Kila mchezaji, pamoja na mwenye taa, aandike kadi tatu. Jumla kumi na nane. Zitachujwa hadi kumi na mbili, kwa hiyo msiogope kuandika ovyo.

Kadi ina mistari mitatu. Wa kwanza ni kitu ambacho hakikuwa. Wa pili ni kilichokizuia, na kizuizi hicho kiwe kidogo, kinachopimika: dakika tatu, shilingi moja, herufi iliyoandikwa vibaya, tairi lililopasuka. Wa tatu ni alama moja ya kitu hicho ambayo jicho, sikio, pua au ngozi inaweza kuikamata.

Kazi yote imo kwenye mstari wa pili. Kiswahili kinasema "karibu" kwa mgeni na kinasema "karibu ifike" kwa kilichokosa kidogo, na Ngalini maneno hayo mawili ni mlango mmoja: kilichokosa kidogo ndicho kinachokaribishwa. Kitu kilichozuiwa na mambo makubwa hakina mlango, kina ukuta. "Tanga ingalikuwa mji mkuu wa dunia" haiingii, kwa sababu hakuna dakika tatu unayoweza kuinyooshea kidole.

Mfano wa kadi iliyokaa sawa huu hapa. Mwaka 1893 Richard Hindorf, mtaalamu wa kilimo wa Kijerumani, aliagiza miche 1,000 ya mkonge kutoka Florida. Ilipitia Hamburg, na iliyofika hai ilikuwa 62 tu. Kutokana na hiyo 62 yakatokea mashamba yaliyoifanya nchi hii kuongoza duniani kwa mkonge, hadi karibu tani 230,000 mwaka 1964. Wachezaji wengi wakisikia habari hii huandika: "Mkonge ungaliendelea kuwa dhahabu ya Tanga." Imekataliwa, hiyo ni hotuba. Mwingine anaandika: "Miche 938 iliyokufa." Imekaribia, ila 938 ni umati na umati hauna sura. Kadi ni hii:

Mche wa sitini na tatu.
Safari ilizidi siku ambazo ungeweza kuvumilia.
Mwiba wake laini, hauchomi.

Chujio

Mwenye taa asome kadi zote kwa sauti, akiuliza maswali matatu.

Je, kina kaburi? Chenye kaburi kiliishi, na kilichoishi si cha Ngalini. Hapa ndipo wengi wanapopotea na kugeuza mchezo kuwa safari ya kuzimu. Marehemu walikuwa. Wa Ngalini hawakuwa.

Je, kimefichika tu? Samaki silikanti ndiye mfano wa kuwafunga mdomo wabishi. Wanasayansi walimhesabu kuwa alitoweka zama za dinosaria, hadi alipopatikana Afrika Kusini mwaka 1938. Tangu miaka ya mwanzo ya 2000 wavuvi wa Tanga wamemnasa mara nyingi kwenye jarife, na mwaka 2009 ikaanzishwa hifadhi ya bahari yenye jina lake. Silikanti hakukaa Ngalini hata siku moja. Alikuwa baharini, akiogelea, na kutojulikana kwake hakukumpunguzia kitu. Kisichojulikana na kisichokuwa ni ndugu wa mbali sana.

Je, bado kinawezekana? Kama ndiyo, sentensi yake inataka -nge-, haitaki -ngali-. "Ningekuja" mtu anaweza bado kuja nauli ikipatikana. "Ningalikuja" basi limeshaondoka. Najua mitaani watu huzichanganya, na -ngeli- inaingia katikati kama mpatanishi, lakini ndani ya mchezo huu tofauti inashikwa. Kadi ya -nge- haitupwi. Inawekwa juu ya kamba, nusu ndani nusu nje, na haichezwi usiku huo.

Ongezeni kanuni moja isiyo ya sarufi: hakuna kadi inayomhusu mtu aliyepo barazani, wala mimba, ndoa au mtoto wa mtu yeyote anayejulikana na aliyepo. Mtu akiandika "mtoto wa shangazi", mwenye taa airudishe kadi kimya kimya bila kuisoma. "Laiti ningalijua" huja baadaye, na likija mbele ya watu sita na bilauri ya maji huwa halina pa kukaa.

Mahali pa ndani

Ngalini ina mahali panne. Mwaweza kuongeza, ila mkizidi sita mwenye taa atapachanganya.

Mchanga wa Bamvua ndipo kila mtu anapofikia. Ni mchanga uliofunuliwa na maji ambayo hayakurudi. Hakuna la zaidi hapa. Ni pa kupita.

Shamba la 938 lipo upande wa bara. Mikonge yake imesimama kwenye mistari iliyonyooka na hakuna hata mmoja uliokatwa.

Barabara ya Sifuri ipo kabla ya Barabara ya Kwanza ya Ngamiani. Nyumba zake zina vizingiti na miimo, ila milango bado iko kwa fundi. Wenyeji hawajulikani kwa majina bali kwa kengele za baiskeli zao. Hapa ndipo pa kuweka kadi za watu: mshonaji ambaye hakujifunza kushona, jirani ambaye hakuhamia.

Stesheni ndiyo yenye utajiri, na hapa mwenye taa ajitayarishe kuliko kwingine. Reli ya Tanga ilianza kujengwa mwaka 1893, ikafika Moshi mwaka 1911 na Arusha mwaka 1929. Wajerumani walikusudia ifike hadi Ziwa Viktoria. Haikufika. Ngalini treni hiyo ingali inakwenda, na stesheni yake inaendeshwa kwa kanuni tatu. Kwanza, kwenye ubao wa safari majina ya stesheni hayaishii Arusha. Kila mchezaji anayefika ubaoni anaongeza jina moja la kubuni. Pili, karani wa tiketi anapokea nauli lakini chenji haitoki, na hakuna anayeidai, kwa sababu chenji ni mwisho wa biashara na hapa biashara hazina mwisho. Tatu, treni isifike ziwani. Mchezaji akiishaifikisha, itabaki nini cha kwenda? Ziwa lisikike kwa pua tu: harufu ya dagaa, upepo usio na chumvi. Ni jambo la ajabu kwa mtu wa Tanga kusikia upepo wa maji usio na chumvi, na mchezaji mzuri hulitumia hilo.

Mapango ya Amboni msiyatumie kama mlango. Kila mchezaji mpya hukimbilia huko kwa sababu pango lina giza na uvumi wa njia zinazofika mbali. Shida ni kwamba lina mzimu wake na hadithi zake tayari, na ukilibeba unabeba vyote.

Lugha ya ndani

Ukishavuka kamba, -li- na -ta- ni marufuku. Pia jana, leo, kesho, kabla, baadaye, tena, bado, mwanzo, mwisho. Kila kimoja kokoto moja. -na- ni huru, hu- ni huru, na "-ngali" ndiyo malipo ya mlangoni. Kuhusu -me- kuna ubishi katika kila kikundi, kwa hiyo tuumalize: -me- ya hali inapita, -me- ya tukio haipiti. "Mlango umefungwa", "mzee amekaa", "shuka imelowa", hayo ni mambo yalivyo. "Treni imefika" ni tukio. Kokoto moja, na ikiwa mko Stesheni ziwe mbili.

Hakuna kula ndani ya kamba kwa sababu hiyo hiyo. Kashata ikiliwa inaisha, na kitu kinachoisha kina kabla na baada.

Gharama nyingine: swali moja kwa kisichokuwa, kokoto moja. Kuhamia mahali pengine, kokoto mbili. Kutoka na alama, kokoto tatu. Hii ni hiari. Mchezaji akiishiwa kokoto anatoka na kuwa bawabu wa kamba, kazi yake kusikiliza makosa ya wengine. Mabawabu hufurahia kazi hii kupita kiasi. Mwenye taa awazuie wasiibe mchezo.

Zamu moja, mwanzo hadi mwisho

Zamu ina vitenzi vinne na vinafuatana: haku-, haja-, -ngali-, ngali. Tuseme kadi iliyovutwa ni ya mche.

Mwenye taa anasoma: "Mche wa sitini na tatu haukufika." Mchezaji, akiwa nje ya kamba: "Hodi." Kimya. "Hodi." Kimya. "Hodi." Kama kawaida ya nyumba zetu, hodi ya tatu isipoitikiwa unaondoka. Mwenye taa ana haki ya kunyamaza. Mchezaji anarudi kukaa na kadi inarudi chini ya fungu. Afanye hivyo mara moja tu kwa usiku, ili wengine wote wabishe wakiwa na wasiwasi.

Akiitikia, haitikii "karibu" peke yake. Anasema: "Karibu. Haujafika." Anashusha utambi nusu. Kutoka haukufika hadi haujafika ni herufi chache, na mlango umefunguka.

Mchezaji anavuka kamba ya kwanza na kumalizia sharti kwa maneno yake: "Mche ungalifika, ungalipandwa pembeni mwa mstari, karibu na njia." Sharti liwe moja na fupi. Mwenye taa anashusha utambi hadi nyuso zibaki kwa shida na kusema: "Mche ungali njiani." Kuanzia hapo mchezaji yumo.

Anayejibu kwa niaba ya kitu ni mtu aliyekaa kushoto kwa mchezaji, si aliyeandika kadi. Aliyeandika anajua anachotaka, na anayejua anachotaka atahubiri. Kila jibu sentensi moja, lenye kitu cha kushika.

"Uko wapi?"

"Nimo ndani ya sanduku la mbao, na ubao wa juu una tundu la msumari linalopitisha mwanga mwembamba kama uzi."

Kokoto moja.

"Uliondoka na wenzako wangapi?"

Hapa bawabu anagonga sinia. "Uliondoka" ina -li-. Kokoto moja ya kosa, na swali linaulizwa upya, kokoto moja ya swali.

"Wenzako wako wangapi?"

"Nahesabu hadi sitini na mbili, namba inayofuata ni mimi, na mdomo haufunguki."

Jibu kama hilo likitoka, mwenye taa asiharakishe. Aache watu wasikie bilauri.

Swali la tatu mchezaji anaweza kuliacha. Wengi wanalitumia kwa sababu lipo, na mara nyingi linaharibu la pili. Akitaka alama anasema, "Nipe cha kutoka nacho," anatumbukiza kokoto tatu, na aliye kushoto anataja kitu kimoja. Kinaweza kuwa ule mwiba wa kwenye kadi au kingine kilichozaliwa kwenye maswali, kama ule uzi wa mwanga. Kinaandikwa nyuma ya kadi. Hicho ndicho mtunzi anachokwenda nacho nyumbani.

Kutoka ni kuvuka kamba ya pili, si ile uliyoingilia, huku ukisema: "Mche haukufika." Mwenye taa anapandisha utambi. Kwa hesabu ya kokoto sita, kila mtu huingia mara moja, na mmoja au wawili huingia mara ya pili kabla sinia halijalowa.

Yanayoharibika

Kosa linaloua michezo mingi ni historia kubwa. Mtu ataleta Vita vya Tanga vya Novemba 1914, ataka kujua ingalikuwaje upande mwingine ungalishinda, na baada ya dakika kumi mna wanazuoni watano wanaobishana na hakuna mahali. Dawa ni kushuka hadi kwenye kitu kimoja. Katika vita vile nyuki waliochokozwa waliwavamia wapiganaji. Basi kadi iwe mzinga mmoja ambao haukuguswa, na swali la kwanza liwe kuhusu sauti yake.

Wenzetu wa Bagamoyo wanakutana na tatizo hilo hilo. Mji wao ulikuwa makao makuu ya Wajerumani hadi mwaka 1891, kisha makao yakahamia Dar es Salaam, na kila mchezaji anataka kucheza Bagamoyo iliyobaki kuwa jiji. Chezeni meza moja ya karani ambayo haikupakiwa jahazini. Jiji litakuja lenyewe kupitia droo za meza.

La pili ni furaha. Watu hudhani kisichokuwa ni kizuri kuliko kilichokuwa, na Ngalini yao inakuwa peponi: kila mtu tajiri, kila ndoa tamu. Mahali pa namna hiyo hapasisimui mtu kwa zaidi ya zamu mbili. Anayejibu akumbuke kwamba kitu kilichokwama njiani kina hasara yake. Mshonaji ambaye hakujifunza kushona ana vidole visivyo na alama za sindano na hajui avifanyie nini.

La tatu ni machozi, na hutokea hata kadi zikichujwa vizuri, maana mtu anaweza kuingia kwenye kadi ya baiskeli akamkuta baba yake. Mwenye taa asiulize kitu. Apandishe utambi hadi mwisho, aseme sentensi ya haku- kwa niaba ya aliyemo, amwite kwa jina au kwa cheo anachoitwa nyumbani, mama fulani, kaka, shangazi, na amkabidhi kikombe cha kahawa mkononi. Chungu na moto vinarudisha mtu haraka kuliko maneno. Zamu hiyo imekwisha na kadi hiyo haichezwi tena.

Moshi kwenye kioo cha chemli maana yake utambi umekatwa vibaya, au mwenye taa anaushusha na kuupandisha kwa pupa. Mchezaji anayecheka kila mara haogopi mchezo, anauogopa ukimya. Mpeni kazi ya kujibu, atatulia.

Kutoka wote

Tanga ina msemo wake wa siku zote, waja leo waondoka leo. Wageni huufasiri watakavyo. Huko Ngalini msemo huo ndio kanuni ya mwisho na hauna msamaha: hakuna anayelala. Maji yakigusa sinia, yeyote aliyemo anasema haku- yake hata kama yuko katikati ya swali, na anavuka. Kisha fanyeni hivi kwa mfuatano: kamba ya pili ikunjwe kwanza, ya kwanza baadaye, kokoto zitolewe majini na kuhesabiwa hadi 30 zitimie, maji yamwagwe nje, si jikoni, simu zitoke kikapuni mwisho kabisa. Mkitoa simu kabla ya kuhesabu kokoto, hesabu haitatimia kamwe, na kokoto moja iliyopotea italeta maneno usiku kucha.

Kadi zihifadhiwe kwenye kopo la biskuti lenye mfuniko mkali pamoja na karafuu chache, kwa ajili ya wadudu. Manila ya pwani hunywa unyevu na kujikunja. Ikijikunja, ilazeni chini ya kitabu kizito siku mbili. Kadi zilizotolewa alama zitengwe na zisirudi kwenye fungu.

Kila mkikutana, pitieni kwanza zile za -nge- zilizolala juu ya kamba. Iliyotimia inachanwa, imetoka kwenye mchezo na kuingia mjini. Iliyoshindikana kabisa inavutwa ndani. Ile ya treni ndiyo inayosumbua. Ya Wajerumani haikufika, hiyo ni ya ndani bila ubishi. Ila reli ya kutoka Tanga kupita Arusha hadi Musoma, ziwani, imo kwenye mipango ya serikali ya sasa. Kwa hiyo andikeni kadi mbili, moja ikae ndani, ya pili juu ya kamba, na mchezaji anayeingia Stesheni aruke asiikanyage.